Ukunjo wa Tamvua: siku mbili za nahodha zimekuwaje mwezi mzima nje?

Alhamisi iliyopita kijiweni pale Magomeni watu walikaribia kushikana mashati kwa ajili ya nahodha ambaye hajawahi kuzaliwa. Ngoja niwaeleze wasiojua. Kipindi kile cha mgao wa umeme, usiku hakuna tivii hakuna feni, tulianza kutunga dunia yetu pale kwenye benchi la babu muuza kahawa, kila Alhamisi mtu mmoja anaongeza kipande chake, na dunia tukaiita Tamvua kwa sababu ramani ya kwanza, iliyochorwa kwa mkaa nyuma ya boksi la sabuni, pwani yake ilitokea kama matamvua ya kikoi, vipande vya ardhi vinaning'inia tu baharini. Umeme ukarudi, ila Tamvua ikabaki.

Sasa katikati ya bahari ya Tamvua kuna kitu kinaitwa Ukunjo. Ni nguvu imekaa pale juu ya maji, haionekani, haishikiki, na kazi yake ni moja tu, inakunja muda. Nahodha wetu aliingia mule na jahazi, akakaa siku mbili kwa hesabu yake mwenyewe, akatoka. Binti yake pwani anasema baba umepotea mwezi mzima. Mganga wa kijiji anasema hapana, ni miezi miwili, maana tangu enzi na enzi inajulikana Ukunjo ni moja kwa thelathini, mbili mara thelathini ni sitini, hesabu ya darasa la pili hiyo. Fundi simu wetu wa kijiweni, ambaye hata kwenye hadithi hayumo, akadakia kwamba wote wamechemka, ni siku arobaini. Alafu akatokea mwingine akasema mbona nahodha angeweza hata kutoka kabla hajaingia, muda si umekunjwa? Hapo ndo kelele zikaanza, na kwa vile Ukunjo niliutunga mimi, kesi ikaletwa kwangu.

Binti yuko sahihi. Lakini ukimeza tu kwamba yuko sahihi bila kujua kwa nini, Alhamisi ijayo utachanganyikiwa upya, kwa hiyo twende taratibu.

Kwanza hilo neno nguvu lisikupoteze. Ukunjo ni uga, kama vile watu wa sayansi wanavyosema uga wa sumaku. Uga haukai sehemu moja kama jiwe, ni hali iliyotandazwa mahali pote na kila nukta ina namba yake. Fikiria joto la Dar mwezi wa pili. Kariakoo mtaa wa Kongo saa nane mchana kuna joto lake, ukisogea Feri kuna kaupepo, Coco Beach chini ya mti kuna joto jingine, ndani ya daladala iliyoshona usiseme. Ukichukua ramani ya mji ukaandika kila sehemu na joto lake, umeshapata uga wa joto. Ukunjo ni hivohivo, ila badala ya joto kila sehemu inaandikwa mwendo wa saa, hapa saa inakwenda kawaida, pale inakwenda nusu, kule ndani kabisa inakwenda sehemu moja ya thelathini.

Majina ya sehemu zake niliyaiba kwenye kanga ya bibi yangu, sioni aibu kusema. Kanga ina pindo, ina mji, ina jina. Pindo la Ukunjo ni ule mkanda mpana wa nje ambako muda unaanza kulegea kidogokidogo, unavuka nusu siku kwa jahazi. Mji ni kule katikati ambako muda umezubaa kabisa. Na jina, yale maandishi, kwenye Tamvua ni ule mstari ambao ukishauvuka, mtu aliye nje akikuita jina lako na wewe ukaitika, hakusikii tena. Nitarudi kwenye jina maana hapo ndo pamenipa raha kuliko pote.

Sasa chanzo cha ugomvi. Watu wanachanganya vitu viwili ambavyo sisi Waswahili tungepaswa kuwa wa mwisho kuvichanganya, mwanzo wa hesabu na mwendo wa hesabu. Simu yako inaandika 7:00, wewe unasema saa moja asubuhi, mgeni aliyeshuka leo uwanja wa ndege anasema saa saba, na hakuna aliyekosea. Yeye ameanza kuhesabu usiku wa manane, wewe umeanza jua lilipochomoza, na hapa kwetu jua halituchezei, mwaka mzima linachomoza kwenye saa kumi na mbili hivi. Wazee wanakwenda mbali zaidi, siku kwao inaanza magharibi, ndo maana ukimwambia babu njoo usiku wa Ijumaa anaweza akaja Alhamisi baada ya kuswali isha na akakukuta umelala. Tofauti hizo zote ni za mwanzo. Ukishajua fulani kaanza wapi unajumlisha sita au unatoa sita, yameisha, kwa sababu saa zote mbili zinatembea mwendo mmoja. Ukunjo haugusi mwanzo hata kidogo. Unagusa mwendo. Saa ya nahodha na saa ya binti yake zilianza pamoja pale bandarini, sema moja ilitembea kama basi la mwendokasi kwenye njia yake na nyingine kama gari lililonasa kwenye foleni ya Tazara, na hapo hakuna cha kutoa sita. Swali la maana linakuwa moja, saa ya nani? Mtu akikwambia nahodha kakaa siku mbili muulize saa ya nani, akikwambia kakaa mwezi muulize saa ya nani.

Na msidhani hii ya mwendo kutofautiana ni uongo wa kijiweni. Muda kukunjika ni jambo la kweli kabisa hapa duniani, sema kwetu umekunjika kidogo sana. Albert Einstein alisema mwaka 1905 kwamba saa inayokimbia inachelewa, na kufikia 1915 akawa amemaliza hesabu inayoonyesha pia kwamba saa iliyo karibu na kitu kizito inachelewa kuliko iliyo mbali nacho. Mwaka 1971 wanasayansi wawili wa Marekani, Hafele na Keating, wakachukua saa za atomu, zile zinazopima muda kwa usahihi wa ajabu, nne (zenyewe ziko nne, sio saa nne asubuhi), wakapanda nazo ndege za abiria za kawaida wakazunguka dunia, mara moja kuelekea mashariki, mara moja kuelekea magharibi. Waliporudi na kulinganisha na saa zilizobaki chini, zile za mashariki zilikuwa zimechelewa kama nanosekunde 59, za magharibi zimetangulia kama 273. Nanosekunde ni sekunde moja ukiigawa vipande bilioni moja, kwa hiyo usitegemee ukipanda ndege utarudi kijana.

Chukua na mfano wa nyumbani. Kilele cha Kilimanjaro kiko mita 5,895 juu ya bahari. Mtu akiishi kileleni mwaka mzima na pacha wake akakaa hapa Dar ufukweni, wa kileleni atazeeka zaidi kwa maikrosekunde kama 20, na maikrosekunde ni sekunde moja igawe kwa milioni. Wakikaa hivyo miaka themanini tofauti haifiki hata sehemu ya kufumba jicho, lakini ipo na inapimika. Mwaka 2010 maabara moja ya vipimo ya Marekani waliinua saa ya atomu kama sentimita 33 tu, urefu wa rula ya shule na kidogo, wakaona tofauti. Maana yake kichwa chako kinazeeka haraka kuliko miguu yako. Babu muuza kahawa aliposikia hilo alicheka mpaka akaweka birika chini, akasema ndo maana mvi zinaanzia juu.

Boda anayekuja kukuchukua kwa kufuata kidoti kwenye simu naye anaishi kwenye ukunjo mdogo kila siku bila kujua. Zile setilaiti za GPS, zinazoiambia simu yako iko wapi, ziko juu kama kilomita 20,200, na saa zake kwa sababu ya kuwa mbali na uzito wa dunia zinatangulia maikrosekunde 45 kwa siku, na kwa sababu ya kukimbia zinachelewa maikrosekunde 7, ukitoa unabaki na 38 za kutangulia. Unaona ndogo? Simu inajua ilipo kwa kupima muda ambao mawimbi ya setilaiti yametumia kufika, nayo yanakwenda kwa kasi ya mwanga, karibu mita 300 kwa kila maikrosekunde, piga 38 mara 300 unapata mita 11,400. Wasingeisahihisha hiyo hesabu, baada ya siku moja tu ramani ingekuwa inakosea kilomita kumi na kitu, wewe uko Posta unasubiri, boda anakutafuta mbele ya Ubungo.

Tukirudi Tamvua, Ukunjo ni jambo hilohilo limeongezwa chumvi mabilioni ya mara. Na kitu cha kwanza ambacho watu hawakielewi ni kwamba nahodha mwenyewe hasikii chochote. Watu wanamuwazia anatembea polepole kama mtu aliye ndani ya maji, anaongea kwa kuvuta kama redio imeisha betri. Hapana. Yeye kwake mambo ni kawaida, moyo unapiga kawaida, njaa inauma saa ileile ya kuuma, ndevu zinaota kama za siku mbili, maji aliyobeba ya siku mbili yanamtosha siku mbili. Kilichokunjwa ni muda wenyewe na kila kitu kilichomo, hata ubongo anaotumia kujiuliza mbona muda umekunjwa. Kisa cha wale watu wa pangoni cha kwenye Kurani mnakijua, walilala miaka mia tatu na tisa, walipoamka wakaulizana tumekaa kiasi gani wakajibu siku moja au sehemu ya siku. Babu ndo alikileta hicho kisa kijiweni na kwa kweli kilifungua watu kuliko maneno yangu yote. Tofauti ni kwamba wale walikuwa wamelala na nahodha yuko macho, lakini jibu wanalotoa ni la aina moja, kila mtu anajibu kwa saa aliyoingia nayo.

Kinachobadilika ni anachokiona nje. Kule mjini kabisa mchana akiangalia juu anaona jua linakimbia. Mchana wa Tamvua una saa kumi na mbili kama wa kwetu, ukiugawa kwa thelathini unabaki na dakika 24. Yaani jua linachomoza, unachemsha chai, unakunywa, magharibi hiyo.

Hapo mwalimu mmoja wa fizikia anayekujaga kucheza drafti akanibana, na alinibana haswa. Akasema sikiliza kijana, kama mwanga wa jua wa saa kumi na mbili unaingia ndani ya dakika 24, basi unamwagika mara thelathini kwa wingi, na kila chembe ya mwanga yenyewe inafika na nguvu mara thelathini kwa sababu kwa saa ya ndani inatetemeka haraka zaidi, thelathini mara thelathini ni mia tisa. Nahodha wako anapigwa na jua mia tisa. Hata samaki wa kukaanga hapati moto huo. Nikakaa kimya wiki nzima, na sidanganyi, nilifikiria kuua nahodha tu yaishe.

Jibu lilikuja nikiwa kwenye foleni. Ile ziada ndo chakula cha Ukunjo. Uga unaramba nguvu yote inayozidi, unamwachia nahodha jua moja la kawaida, na yale mengine mia nane tisini na tisa ndo yanayoufanya uendelee kukaza. Kwa hiyo Ukunjo unakula mwanga, na kitu kinachokula mwanga lazima kishibe mchana na kisikie njaa usiku. Mchana umekaza, moja kwa thelathini. Usiku unalegea mpaka moja kwa kumi. Ndo maana wavuvi wa Tamvua wanatoka Ukunjoni usiku siku zote, mimi nilikuwa nimeandika hivyo tangu zamani kwa sababu tu ilipendeza, nikajikuta sasa nina sababu.

Na hapa ndo kesi ya siku mbili inapoishia. Mganga anapiga kwa thelathini kana kwamba usiku haupo. Fundi simu ana akili kidogo zaidi, anajua mchana ni thelathini na usiku ni kumi, anajumlisha anagawa kwa mbili anapata ishirini, siku mbili ni arobaini. Inaonekana safi kabisa, na ni kosa ambalo kila mkazi wa Dar analifanya kwenye barabara. Chukulia unatoka Gongo la Mboto kwenda Kariakoo, kwa hesabu rahisi tuseme kilomita 15. Kwenda alfajiri barabara tupu unakwenda kilomita 30 kwa saa, nusu saa umefika. Kurudi jioni foleni, kilomita 10 kwa saa, inakula saa moja na nusu. Kilomita 30 zote umetumia saa mbili, kwa hiyo kwa wastani umetembea kilomita 15 kwa saa, na sio 20. Kwa nini sio 20? Kwa sababu kwenye ule mwendo wa taabu umekaa muda mrefu zaidi, umekula sehemu kubwa ya safari yako, hauwezi kuupa uzito sawa na ule wa raha uliopita kama upepo.

Nahodha ni abiria wa Gongo la Mboto. Mchana kwake ni dakika 24 kama tulivyosema. Usiku, saa kumi na mbili gawa kwa kumi, ni dakika 72. Jumla, siku nzima ya nje kwake ni dakika 96. Saa 24 za nahodha zina dakika 1,440, gawa kwa 96, unapata 15. Siku moja ya ndani ni siku kumi na tano za nje, siku mbili ni thelathini, na binti ambaye alikuwa anachora mstari ukutani kila jua likizama hakuwa na haja ya hesabu yoyote. Yeye alihesabu tu. (Kwenye pindo anakopita kuingia na kutoka kuna masaa yake pia, lakini kule uga ni mwepesi, nimeyasamehe.)

Nilisema nitarudi kwenye jina. Sikio la mtu linasikia sauti kuanzia mitetemo kama 20 kwa sekunde mpaka kama 20,000, chini ya hapo ni kimya. Sasa mwanamke akiita kwa sauti ya kawaida ni mitetemo kama 200 kwa sekunde. Akiita kutoka ndani ya mji mchana, sauti inapotoka nje imevutwa mara thelathini, inabaki mitetemo sita au saba, hakuna sikio la kuisikia. Lakini usiku Ukunjo ukilegea, 200 gawa kwa kumi ni 20, inagusa palepale kwenye kizingiti. Kwa hiyo mtu aliyekaa pwani usiku hasikii jina lake, anasikia kama mngurumo kwenye mbavu, kama lori limepita mtaa wa pili, na watu wa Tamvua wanajua kwamba kuna mtu mule ndani anaita. Anaita nani hawajui. Upande wa pili ukimwita nahodha kutoka nje, yeye anasikia kama kinyenze. Hii hesabu sikuipanga, imetokea yenyewe, na siku nilipoisoma kijiweni hakuna aliyeomba kahawa kwa dakika nzima.

Mwanga nao ni hivohivo. Taa ya kandili inayowaka mle ndani ikitoka nje mitetemo ya mwanga wake imepungua mpaka kwenye wekundu na kupita wekundu, jicho haliioni, kwa hiyo mji wa Ukunjo ukiutazama kutoka baharini ni doa jeusi mchana na usiku. Haina maana kuna giza ndani. Ndani watu wanacheza bao kwa raha zao.

Sasa mtu akishaelewa hapo anaanza kuwaza biashara, sisi ni watu wa Dar. Swali la kwanza lililoulizwa ni kwa nini watu wa Tamvua wasihamie wote mule waishi milele. Hawaishi milele. Mtu mwenye siku elfu ishirini za kuishi ataziishi hizohizo elfu ishirini, ndani au nje, haongezewi chai hata kikombe. Anachopata ni kuona mambo ya mbele, wajukuu wa wajukuu, na gharama yake ni kuzikosa harusi zote za katikati. Matumizi ya maana ni ya vitu na sio watu. Wachuuzi wa samaki wa Tamvua wanafunga matenga ya changu na jodari wanayapeleka mjini kwa boya, samaki wa siku kumi na tano akitolewa ni wa jana. Fikiria wale wa soko la Feri na mabonge yao ya barafu yanayoyeyuka saa nne asubuhi, wangepewa kipande kidogo tu cha Ukunjo ukubwa wa ndoo.

Upande wa pili kuna kodi. Ukikaa mule siku kumi na mbili tu, nje zimepita siku mia na themanini, mwenye nyumba yuko mlangoni na kodi ya miezi sita. Ndo maana sheria ya kwanza kabisa ya Tamvua inasema deni linahesabiwa kwa saa ya mkopeshaji, na kuna mtu alijaribu kubisha akasema saa ya mkopaji ndo ya haki, tukamwangalia tukajua huyu ana deni.

La kutoka kabla hujaingia nilijibu haraka na nalijibu haraka tena hapa, haiwezekani. Uga unasema saa iende haraka au iende taratibu, hakuna nukta yoyote ndani yake iliyoandikwa saa irudi nyuma. Kupunguza mwendo hata mpaka ukaribie kusimama sio kupiga rivasi. Nahodha akikaa mule anakwenda kesho kwa njia ya mkato, jana hairudiki. Mtu anayetaka kurudi jana atunge dunia yake.

Ila kuna sehemu moja nimepiga chenga na naomba nikiri kabla mwalimu hajanisemea. Kwenye dunia ya kweli mwendo wa muda na uzito ni ndugu wa tumbo moja, vitu vinaanguka kuelekea kule ambako muda unakwenda taratibu, hata nazi ikidondoka mnazini inakwenda kule saa inakochelewa. Muda wa kupungua mpaka moja ya thelathini kwa umbali wa nusu siku ya jahazi ungehitaji mvuto wa kutisha, mambo ya karibu na shimo jeusi, lile la angani linalomeza hata mwanga, jahazi lingekuwa uzi kabla halijafika jina. Mimi nimeukata huo udugu. Nimebakiza kidogo tu, bahari ya Tamvua inatelemka taratibu kuelekea mjini, kuingia huhitaji kasia na kutoka utavuta mpaka mikono ichubuke. Mwalimu alisema ni uhuni. Ni uhuni kweli, lakini bila huo hakuna hadithi.

Baada ya yote hayo nikadhani kesi imefungwa. Babu akafuta vikombe, akauliza kwa upole wake ule, "Mjukuu wangu, huyo nahodha wako anaswali?"

Nikasema anaswali, babu.

"Sasa jua la kwake linazama kila baada ya dakika tisini na sita. Ataswali swala tano ndani ya hizo dakika tisini na sita, usiku na mchana, hapati kulala wala kula? Na Ramadhani akifunga mwezi mzima si itakuwa siku mbili tu, kila saumu nusu saa hivi?"

Nikamjibu kwa kujiamini maana hilo la jua kuzama mara nyingi lilishatokea kweli. Oktoba 2007, Ramadhani ikiwa haijaisha, Mmalaysia Sheikh Muszaphar Shukor alirushwa kutoka Baikonur kule Kazakhstan kwenda kwenye kituo cha anga za juu, na kile kituo kinazunguka dunia kwa dakika kama 90, unaona jua likichomoza mara kumi na sita kwa siku. Wanazuoni wa kwao wakampa mwongozo, afuate nyakati za mahali aliporushiwa. Kwa hiyo nahodha naye afuate saa ya bandari aliyoondokea, nikasema, nikanyoosha mkono kuchukua kashata.

Babu hakunipa kashata. Akasema yule wa Malaysia saa ya alikotoka ilikuwa inakwenda sawa na yake, jua tu ndo lilikuwa linamzunguka haraka, akiangalia saa ya nyumbani anapata siku ya saa ishirini na nne. Nahodha akifuata saa ya bandari, saa ya bandari yenyewe inakimbia mara kumi na tano. Anarudi palepale, swala tano kwenye dakika tisini na sita. Akifuata saa ya kifuani mwake atapata siku nzuri ya saa ishirini na nne, lakini kila akiangalia juu jua linamwambia vingine, na swala zinafuata jua.

Mzee wa watu, shule yake ni madrasa na kusikiliza redio, kanikamata kwenye kitu nilichokuwa nawafundisha wenzake jioni nzima. Mwanzo na mwendo. Mmalaysia tatizo lake lilikuwa jua, nahodha tatizo lake ni saa.

Fundi simu akasema nahodha ni msafiri, si apunguze rakaa. Mwalimu akasema hiyo inapunguza rakaa, haipunguzi nyakati. Babu akasema atamuuliza imamu baada ya swala ya Ijumaa, sema hajui aanzeje, maana akianza na jahazi lililoingia kwenye bahari inayokula mwanga anaweza akapelekwa hospitali. Tumekubaliana kwamba mpaka jibu lije nahodha haruhusiwi kuingia tena Ukunjoni, amefunga jahazi pwani, na binti yake, ambaye ndo mwenye furaha kuliko wote, amefuta ile mistari ukutani kwa chokaa.